Mkaa wa Nyama na Mti Wake

Mchoma nyama anayeijua kazi yake hununua mkaa kwa masikio. Akifika kwenye genge la mkaa huinamia gunia lililofunguliwa mdomo, akatoa vipande viwili na kuvigonganisha. Mkaa ulioiva hulia. Hutoa mlio mkavu, mwembamba, kama kigae kikiangukia kigae kingine. Mkaa ambao haukuiva, au ulionyeshewa njiani, hutoa mlio mfu, na hapo mnunuzi huvirudisha vipande vyake guniani bila hata kuuliza bei. Akiridhika na mlio, hukipima kipande kwenye kiganja, kisha hukivunja. Kwenye mvunjiko ndipo penye habari yote: weusi unaong'aa, duara za umri wa mti zikiwa bado zinasomeka, nyufa nyembamba zinazotoka kwenye kiini kwenda kwenye ganda. Akiona rangi ya kahawia imebaki katikati, anajua kwamba hapo pana kuni iliyovaa koti la mkaa, na kwamba kuni hiyo itamtolea moshi mbuzi akiwa juu ya wavu.

Nilisimama pembeni siku moja Manzese, Dar es Salaam, nikimsikiliza mchoma mbuzi akichagua namna hiyo kwa mama anayemuuzia.

“Shikamoo mama.”

“Marahaba mwanangu. Leo umechelewa.”

“Huu wa wapi?”

“Huo wa Kilwa. Ule pale wa Handeni, umeingia jana usiku.”

“Huu wa Kilwa una mwembe ndani, mama. Ona.” Akamwonyesha kipande kipana, chepesi, chenye vitundu vinavyoonekana kwa macho.

“Siyo wote, mwanangu. Basi chukua wa Handeni, ila bei yake unaijua.”

Akachukua wa Handeni. Chenga zilizobaki chini ya gunia mama akazikusanya kwenye kopo na kuziweka kando, maana zina mteja wake: muuza mahindi ya kuchoma, ambaye moto wake ni mdogo na wa karibu, na hahitaji vipande vinene.

Nimeyafikiria mno mazungumzo yale mafupi. Ndani yake mlikuwa na mambo ambayo wengi wetu tunaokula nyama choma hatuyajui wala hatujawahi kuyauliza: mti gani, umetoka wapi, umeiva kiasi gani. Sisi huuliza kuhusu nyama tu. Ni mbuzi au ng'ombe, mbavu au paja, imetoka machinjioni leo au imelala. Kuhusu moto hatuulizi kitu, kana kwamba moto ni moto.

Moto si moto tu. Kuni ikiwaka huwaka kwa mwali, na mwali ule ni gesi zinazotoka ndani ya mti na kushika moto hewani. Ukiweka nyama juu yake, nje inaungua na kuwa nyeusi huku ndani damu bado mbichi, na moshi wenye utomvu unaganda juu yake. Mkaa ni mti uliokwisha kuondolewa gesi hizo kule porini, pamoja na maji yake yote. Kilichobaki kwa sehemu kubwa ni kaboni, na kaboni huungua kwenye uso wake, kwa wekundu usiorukaruka. Joto lake linaifikia nyama kama linavyotufikia joto la jua, kwa mnururisho, bila kuhitaji mwali uguse chochote. Kilo moja ya mkaa mzuri ina nishati karibu mara mbili ya kilo ya kuni kavu, na inaitoa polepole, kwa saa nzima na zaidi, bila kelele. Kwa mtu anayetaka ubavu wa mbuzi uive hadi kwenye mfupa na ngozi yake ibaki na rangi ya kahawia iliyokolea, hakuna kitu cha kawaida jikoni kinachofanya kazi hiyo vizuri zaidi.

Watu wengi huamini kwamba ile harufu inayotuvuta kutoka barabarani ni harufu ya mkaa. Nadhani hilo si kweli, na ukikaa karibu na jiko la nusu pipa utaliona mwenyewe. Mkaa uliokolea vizuri, uliovaa majivu meupe membamba, ukiuachia peke yake hauna harufu kubwa. Harufu inaanza pale tone la kwanza la mafuta linapodondoka kutoka kwenye nyama. Tone linagusa mkaa, linachemka na kuvukizwa papo hapo, moshi mwembamba unapanda na kurudi kwenye nyama ileile ulikotoka. Nyama inajifukiza kwa mafuta yake yenyewe. Kazi ya mkaa hapo ni kuwa moto wa kutosha kulivukiza tone bila kuliwashia mwali, na kutoongeza harufu yake. Mkaa bora wa nyama ni ule usioacha alama yoyote ya kwamba ulikuwepo.

Wajapani wamelifikisha jambo hili mbali kuliko watu wote ninaowajua. Katika mkoa wa Wakayama huchoma mkaa wa mwaloni mgumu uitwao ubame, na mwishoni mwa uchomaji huachia hewa iingie tanurini hadi joto linakaribia nyuzi 1,000. Kisha huuvuta nje ukiwa mwekundu na kuufunika kwa mchanga na majivu yenye unyevu. Unaitwa binchotan. Hulia kama chuma ukiugonga, huwaka kwa saa nyingi, na wachoma kuku na mikunga wa kule huulipia bei kubwa kwa sababu moja tu, kwamba haunuki. Kitu kingine kinachonivutia kwao ni namna wanavyoukata mti. Kwenye kila shina huchagua machipukizi makubwa na kuyaacha madogo, ili miaka kadhaa baadaye warudi kwenye shina lilelile. Nitaurudia uhusiano huo kati ya mkaa mzuri na kisiki kilicho hai, maana kwetu nao upo.

Kwetu mkaa bora hutoka kwenye miti mizito. Wanaonunua mkaa kila siku huitaja migunga na milama, na miti ya miombo yenyewe. Uzito wa mti hubaki kwenye mkaa wake: mti ulioshikamana hutoa kipande kilichoshikamana, chenye kaboni nyingi ndani ya ukubwa uleule. Mwembe na mkorosho, miti tuliyoipanda kwa ajili ya matunda, hutoa mkaa mwepesi unaoshika moto upesi na kwisha upesi. Kwa chai ya asubuhi unafaa sana. Kwa paja la mbuzi linalohitaji saa nzima utakulazimisha kuongeza mkaa katikati ya kazi, na kila unapoongeza mkaa mbichi juu ya ule uliokolea, joto linashuka, moshi unapanda, na nyama inapoteza mwendo wake. Pwani pana vifuu vya nazi, ambavyo mkaa wake ni mgumu na mkali ajabu. Ni vipande vyembamba, kwa hiyo haviwezi kubeba moto wa muda mrefu, lakini kwa mishkaki, nyama ndogo inayotaka moto mkali wa dakika chache, sioni cha kuvishinda. Na hakuna mti uliokatwa.

Mkaa mbadala, ule unaofinyangwa kwa vumbi la mkaa, maranda au makumbi ya nazi na kushikwa kwa udongo au uji wa wanga wa muhogo, una tabia yake. Joto lake ni sawasawa na halishtukizi. Majivu yake ni mengi, hasa wenye udongo, na majivu yakiwa mengi yanaufunika moto, kwa hiyo mchomaji lazima aupukute mara kwa mara. Kwa nyama ya polepole nauona unafaa. Ila mnunuzi aulize umetengenezwa kwa nini. Ule uliofinyangwa kwa makaa ya mawe usiwekwe chini ya nyama, kwani makaa ya mawe yana salfa, na salfa hiyo inakwenda kwenye chakula. Vivyo hivyo vile visahani vya mkaa wa kufukizia udi, vinavyoshika moto kwa njiti moja ya kiberiti. Vimetiwa kemikali ya kuwakia na mahali pake ni kwenye chetezo.

Halafu kuna suala la kuwasha, ambalo linaharibu mkaa mzuri kila siku ya Mungu. Mtu anapoteza muda mwingi gengeni akichagua vipande, kisha anavimiminia mafuta ya taa na kuweka nyama kabla mafuta hayajaisha kuungua. Au anawasha kwa mfuko wa plastiki. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku Tanzania tangu tarehe 1 Juni 2019, lakini vifungashio na mabaki ya chupa bado vinaishia chini ya majiko mengi, vikiyeyuka na kudondoka kwenye mkaa utakaopikia watoto. Makumbi ya nazi makavu yanatosha. Vijiti vinatosha. Karatasi na dakika za kupepea zinatosha. Kinachotakiwa ni subira ya kungoja mkaa ukolee wote, weusi upotee juu na weupe wa majivu uonekane, ndipo wavu uwekwe. Mteja mwenye njaa akipiga meza, mchomaji mzuri hamsikilizi.

Yote haya ni maarifa ya mnunuzi. Kuna maarifa mengine yaliyotangulia, na yeye huyakuta yameshakamilika ndani ya gunia. Ni ya mchoma mkaa.

Tanuri la udongo la porini linaonekana jepesi kwa mtu anayelipita. Magogo yamelazwa juu ya fito za kupitishia hewa, yamebanwa yasiache nafasi kubwa, yamefunikwa majani mabichi, juu yake udongo. Limewashwa upande mmoja. Kuanzia hapo mtu anaishi na moshi. Siku za mwanzo moshi ni mweupe na mzito, kwa sababu kinachotoka ni maji. Joto likikaribia nyuzi 300 mti wenyewe unaanza kuvunjika, unatoa joto lake na kujisukuma mbele, na moshi unageuka kuwa wa manjano, wenye harufu kali inayochoma macho. Huo ndio wakati wa hatari. Magogo yanapungua ukubwa, udongo unabonyea, na pale unapobonyea panatoka ufa. Ufa ukiachwa kwa usiku mmoja hewa inaingia, na palipopaswa kuwa na magunia panakuwa na majivu. Kwa hiyo mchoma mkaa analala hapohapo, anaamka usiku wa manane kuzunguka tanuri lake na koleo, anaziba hapa, anatoboa pale ili auvute moto uelekee upande uliobaki nyuma. Moshi ukiwa mwembamba na wa samawati, kazi imekwisha. Analiziba lote na kungoja lipoe. Akiwa na haraka na kulifungua kabla ya wakati, mkaa unashika moto tena mbele ya macho yake. Akilizima mapema mno kabla moshi haujawa wa samawati, anapata vijinga, vile vipande vya kahawia ndani ambavyo yule kijana wa Manzese angevitambua kwa mlio tu.

Maarifa makubwa, na malipo yake ni madogo. Katika tanuri la kawaida la udongo, kilo 100 za kuni hutoa kilo 10 hadi 20 za mkaa. Tofauti ya 10 na 20 inatoka kwa yule mtu na koleo lake usiku: ukavu wa kuni zake, mpangilio wa magogo, nyufa alizoziwahi. Fundi mzuri anaweza kupata magunia yaleyale kwa nusu ya miti. Sijaona bidhaa nyingine tunayoinunua kila siku ambamo ustadi wa mtengenezaji una uzito mkubwa kiasi hicho juu ya ardhi, na ambayo jina la mtengenezaji halijulikani kabisa.

Na ardhi imeumia. Mwaka 2009 Benki ya Dunia ilikadiria kwamba Tanzania inatumia takriban tani milioni 1 za mkaa kwa mwaka, na kwamba karibu nusu yake inaishia Dar es Salaam. Kati ya mwaka 2001 na 2007 sehemu ya kaya za jiji hilo zinazopikia mkaa ilipanda kutoka asilimia 47 hadi 71. Hao si walaji wa nyama choma. Ni watu wanaochemsha maharage, wanaosonga ugali, wanaopasha maji ya kuoga. Umeme ulikuwa ghali, gesi ilikuwa mbali, mkaa ulikuwa mlangoni kwa kopo, kwa pesa ya siku hiyo. Sitawalaumu. Lakini malori yaliyokuwa yakiingia usiku kutoka Pwani, Morogoro, Tanga na Lindi yalibeba miombo, misitu ambayo mwishoni mwa kiangazi, kabla mvua haijadondoka, hutoa majani machanga mekundu mlima mzima.

Kwingine mkaa umeleta maafa makubwa zaidi. Huko Goma, mji uliokua chini ya volkano, jiko la mkaa lilitegemea kwa miaka mingi miti ya Hifadhi ya Virunga, na biashara hiyo ilikuwa mikononi mwa watu wenye bunduki. Julai 2007 sokwe wa mlimani wa familia ya Rugendo waliuawa kwa risasi ndani ya hifadhi, dume lao kubwa Senkwekwe akiwemo, na walinzi waliojaribu kuizuia biashara ya mkaa walijua kwamba ujumbe ule ulikuwa wao. Somalia, migunga ya kusini iligeuzwa mkaa na kupakiwa majahazini Kismayu na Barawa kwenda Ghuba, ambako mkaa wa mgunga unapendwa kwa kuchomea nyama na kwa shisha. Fedha yake ikawalipia Al-Shabaab silaha, hadi Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likapiga marufuku mkaa huo kwa azimio namba 2036 la Februari 2012. Mlaji aliyeketi mgahawani huko Ghuba alikuwa na ulimi sahihi kabisa. Mgunga ni mkaa bora. Alichokosa ni mtu wa kumwambia ulikotoka.

Serikali zetu zimejibu kwa marufuku. Tanzania ilijaribu Januari 2006 na ikalegeza muda mfupi baadaye, kwa sababu jiji halikuwa na kitu kingine cha kupikia. Kenya ilisimamisha ukataji miti kwenye misitu ya umma Februari 2018, na kaunti ya Kitui chini ya Gavana Charity Ngilu ilikuwa imezuia mkaa wake kutoka mwezi mmoja kabla. Uganda ilikataza Mei 2023 mkaa wa biashara kutoka kaskazini, ambako miti ya shea inayokamuliwa mafuta ilikuwa inaishia tanurini. Ninaelewa hasira iliyozaa amri hizo. Hata hivyo mkaa unaokatazwa huendelea kuja, ila unakuja usiku, na unaokuja usiku umechomwa kwa haraka. Mchomaji anayejificha hawezi kungoja moshi wa samawati. Anazima mapema, anapakia vijinga, anakata mti wowote ulio karibu na njia, na kesho hatarudi kwenye kisiki kile kwa sababu hana hakika kama atakuwa salama. Marufuku ikishindwa huharibu msitu na kuharibu mkaa vilevile.

Kwa sababu hiyo nimeifuatilia kwa matumaini kazi iliyoanza mwaka 2012 wilayani Kilosa, katika vijiji kama Ihombwe na Ulaya Mbuyuni. Mashirika ya uhifadhi wa misitu ya TFCG na MJUMITA, kwa fedha za Uswisi, yalikaa na wanakijiji na kutenga sehemu ya msitu wao wenyewe kuwa ya mkaa. Sehemu hiyo ikagawanywa vitalu vya mita 50 kwa 50, vikavunwa kwa kurukwa kama miraba ya drafti, kimoja kinakatwa, cha jirani kinasimama. Miti ya mbao na ile ya kando ya mito haiguswi. Visiki vinaachwa virefu kidogo, visichimbwe wala kuchomwa, kwa sababu miombo ina uwezo ambao miti mingi haina: kisiki chake kinachipua. Mizizi ya zamani inabaki hai chini na kusukuma machipukizi mapya kwa nguvu ya mti mzima. Kitalu kilichovunwa kinapumzishwa, na mzunguko wote ni wa miaka 24. Ushuru unabaki kijijini na kujenga madarasa na zahanati, na mchoma mkaa ana kibali, ana jina, analala kando ya tanuri lake bila kumwogopa mtu. Ndiyo, miaka 24 ni mingi. Ndiyo pia umri wa kipande kizuri cha mkaa, na mlaji anayetaka mkaa mzito hana budi kukubali kwamba uzito ule ni miaka.

Hapo ndipo ninapoegemea, na najua wapo rafiki zangu wa mazingira watakaonipinga. Tanzania ina mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia, uliozinduliwa Mei 2024, unaotaka ifikapo mwaka 2034 asilimia 80 ya Watanzania wawe wanapikia nishati safi. Ninauunga mkono kwa moyo wote. Maharage hayajui kama yamechemka kwa mkaa au kwa umeme. Yanataka maji na muda, na jiko la umeme la mgandamizo linayapa yote mawili kwa gharama ndogo. Wali, ugali, chai, maji ya mtoto, vyote hivyo vinapoteza mkaa bure, tena ndani ya nyumba, ambamo mama na mwanawe mgongoni wanavuta gesi ya sumu isiyo na rangi wala harufu. Kila msimu wa baridi huko Nyanda za Juu Kusini tunazika watu waliolala na jiko chumbani. Mkaa utoke humo haraka iwezekanavyo.

Lakini nyama choma ni jambo jingine. Inachomwa nje, kwenye upepo. Haichomwi kila siku katika kila nyumba. Inachomwa na fundi kwa ajili ya watu wengi, mnadani Msalato huko Dodoma, kwenye mabanda ya barabara kuu, kwenye harusi na siku za sikukuu. Na inautumia mkaa kwa kile hasa ambacho mkaa peke yake unakifanya. Wavu wa gesi nimeuona na nyama yake nimeila. Inaiva. Tone la mafuta linadondoka kwenye bati na kukaa hapo. Msitu ukiondolewa mzigo wa maharage ya miji yote, utabaki na uwezo wa kutosha kabisa kuchoma mbuzi wetu, kitalu baada ya kitalu, kisiki kikichipua nyuma ya mvunaji. Kuuweka mkaa mahali unapostahili ni heshima kwa mti kuliko kuutumia kwa kila kitu, na pia kuliko kuukataza kwa kila kitu.

Ili hilo liwezekane lazima namna ya kuuza mkaa ibadilike, na hapa naona aibu kwamba jambo jepesi hivi limetushinda. Tunauza kwa ujazo. Gunia, debe, ndoo, kopo. Kwa ujazo, mkaa wa mwembe na mkaa wa mlama ni kitu kimoja, na muuzaji mwenye lori la mkaa mwepesi anapata faida kuliko aliyeungojea mti mzito. Juu ya hapo pana lumbesa, lile gunia lililoongezewa kichwa cha nyasi na kamba, ambalo Wakala wa Vipimo amelipigia kelele miaka nenda rudi kwenye mazao. Mizani ingeondoa mengi ya hayo kwa siku moja. Wapo watakaosema mizani nayo ina hila zake, kwamba mkaa ukimwagiwa maji uzito wake unapanda. Ni kweli, ila mkaa wenye maji mnunuzi anaujua kwa kuushika tu, na mkaa wa mwembe uliofichwa katikati ya gunia hauonekani hadi ufike nyumbani.

Ningependa gunia liandikwe kilo zake, kijiji ulikotoka mkaa, na namba ya kibali cha aliyeuchoma. Bei itapanda, hasa kwa mkaa mzito. Mchoma nyama ataweza kuilipa, kwa sababu gunia hilo litamvusha jioni nzima bila kuongezea mkaa katikati, naye atanitoza mimi kidogo zaidi kwa kilo ya mbuzi. Niko tayari kulipa nyongeza hiyo leo, ilimradi sehemu yake ifike hadi kwa yule wa Ihombwe aliyekiacha kisiki chake kirefu.